Shanga za Ujiji, boksi la Usoke

Kitu cha kwanza alichofanya fundi ni kulipindua boksi. Hakuuliza limeharibika lini wala limenunuliwa wapi. Alitandika kitambaa juu ya meza, akalilaza kifudifudi, akabandua kwa ukucha vile vipira vinne vya miguuni. Chini ya kila kipira palikuwa na skrubu, akazifungua zote. "Mzee, huku juu wameandika wanachotaka ununue," alisema, akigonga maandishi ya kwenye kifuniko kwa bisibisi. "Ulichonunua kiko humu ndani."

Tulikuwa Usoke, wilayani Urambo, kwenye kibanda cha fundi simu kisicho mbali na stesheni. Reli ya Kati ilifika Tabora mwaka 1912 na Kigoma mwaka 1914, na Usoke ni moja ya vituo vilivyo baina ya miji hiyo, ukitoka Tabora kuelekea magharibi kabla hujafika Urambo mjini. Kabla ya reli, hii ilikuwa nchi ya misafara. Wapagazi wa Kinyamwezi walibeba pembe za ndovu kuzishusha pwani, wakarudi na nguo na shanga kuzipandisha bara. Leo kinachopanda bara ni simu, betri za sola, redio za flashi, na maboksi ya runinga kama hili lililokuwa mbele yetu, lenye ukubwa wa kitabu cha nyimbo za kanisani.

Boksi ni la shangazi yangu. Nililinunua mwenyewe Kariakoo kwa bei isiyofika laki moja, nikampelekea wakati wa likizo. Kwa mwaka mmoja na zaidi lilimfaa sana. Anawasha intaneti ya simu, anaunganisha boksi, anaangalia kwaya na mahubiri kwenye YouTube. Wajukuu wakitoka shule wanaangalia katuni. Halafu jioni moja ya mvua umeme ulikatika na kurudi mara tatu ndani ya nusu saa. Mara ya tatu boksi liliwaka, likaonyesha nembo, likaganda hapo. Kesho yake, nembo. Wiki iliyofuata, nembo. Shangazi hakulalamika. Alilifunika kwa kitambaa cha kufuma, akarudi kwenye redio yake. Mimi ndiye niliyeumia, kwa sababu ni mtu aliyenilea, na nilichompa kilikuwa kimegeuka pambo la kabati.

Wengi huchanganya boksi la Android na king'amuzi, na kuchanganya huko ndiko kunakowafanya walitupe boksi mapema. Tangu usiku wa 31 Desemba 2012, Tanzania ilipoanza kuzima mitambo ya analojia kwa kuanzia Dar es Salaam, kila nyumba yenye runinga ilijifunza neno king'amuzi. King'amuzi kina mwenyewe. Kuna kampuni yenye leseni, kuna namba ya huduma kwa wateja, kuna wakala. Programu yake ikihitaji marekebisho, hutumwa kwa mawimbi yaleyale yanayoleta picha, na mteja huenda asijue kama kuna kilichobadilishwa. Boksi la bei nafuu halina mwenyewe wa namna hiyo. Limeunganishwa kiwandani, mara nyingi Shenzhen huko China, na watu wanaonunua bodi kwa huyu, kasha kwa yule, na programu kwa mwingine. Likishatoka mlangoni, hakuna anayelifuatilia. Likiganda, hakuna wa kumpigia.

Na kuganda kwenyewe si kufa. Prosesa inapopata umeme haijui runinga ni nini wala YouTube ni nini. Inajua jambo moja tu, lililochongwa ndani yake kiwandani na lisiloweza kufutika: kutafuta mahali penye maagizo zaidi. Kwa kawaida huyapata ndani ya chipu ya kumbukumbu iliyo jirani yake kwenye bodi. Kipande cha kwanza cha maagizo huamsha RAM na kuchora nembo, kisha huita kiini cha Linux, na Linux ndiyo inayoiita Android. Mkusanyiko huo wote, kuanzia kipande cha kwanza hadi juu, ndio programu dhibiti ya boksi, na kuiandika upya ndiko mafundi wanakokuita kuflashi. Kwa hiyo nembo iliyoganda ina habari njema ndani yake. Inasema umeme unafika, prosesa ni nzima, na maagizo ya mwanzo yamesomeka. Kilichoharibika kiko juu zaidi, na mara nyingi kimeharibika kwa sababu umeme ulikatika wakati chipu ya kumbukumbu ilikuwa inaandikwa.

Fundi yule, kijana asiyezidi miaka ishirini na mitano, hakukimbilia kuflashi. Alichukua adapta, akaipima kwa mita, akaiweka kando, akaunganisha yake. Adapta za maboksi haya nyingi ni za volti 5 na ampea 2, na ile iliyochoka huonyesha volti zake vizuri ikiwa haina kazi, lakini ikitakiwa kulisha boksi inaishiwa nguvu katikati ya kuwaka. Dalili yake ni nembo ileile. Alisema amewahi kuletewa maboksi yaliyokwisha kuflashiwa na mafundi wengine, na dawa ikawa adapta tu. La shangazi halikupona kwa adapta.

Kisha akachukua kijiti cha kuchokolea meno. Ndani kabisa ya tundu la AV, lile la duara la kuchomekea waya wa runinga za zamani, mengi ya maboksi haya yamefichwa kitufe kidogo. Unakibonyeza kwa kijiti huku ukichomeka umeme, unahesabu sekunde kumi na tano hivi, na boksi linaingia kwenye ukurasa wa matengenezo wenye maandishi meupe. Hapo unaweza kufuta kila alichokiweka mtumiaji na kurudisha boksi kama lilivyotoka dukani. Ukurasa ulikuja, akafuta, akawasha. Nembo. Kufuta huko husafisha vitu vya mtumiaji tu. Hakuigusi sehemu ya mfumo wenyewe, na iliyoumia ilikuwa hiyo.

Ndipo tukarudi kwenye lile tumbo lililokuwa wazi.

Kifuniko cha juu kilijigamba kuwa na RAM ya gigabaiti 4, kumbukumbu ya gigabaiti 32 na toleo la Android ambalo wakati boksi linauzwa lilikuwa bado jipya. Fundi alizimulika chipu kwa tochi ya simu, akasoma namba ndogo zilizoandikwa juu yake moja moja, akazitafuta. RAM ilikuwa gigabaiti 1. Kumbukumbu ilikuwa gigabaiti 8. Prosesa, iliyokuwa chini ya kibati cha kupoozea, hakuigusa. Namba ya bodi ilimtosha, p281, ambayo ni mchoro wa mfano wa prosesa ya Amlogic S905W yenye viini vinne. Kama nilikuwa nimeshawahi kuona toleo jipya la Android likijitaja kwenye mipangilio ya boksi lile, basi nilikuwa nimeona maneno tu. Ni jambo la kawaida kwa maboksi ya aina hii kubeba Android 7.1 huku programu imerekebishwa ili ijitaje kwa namba kubwa zaidi.

Sitaki kulipita jambo hili haraka, kwa sababu ni uongo anaouziwa mtu asiyeweza kuukagua. Ukinunua khanga unaikunjua. Ukinunua mchele unautia mkononi. Boksi limefungwa, na anayelinunua ni shangazi wa mtu.

Akachomoa karatasi, akaandika mambo manne: namba ya prosesa, namba ya bodi, ukubwa wa RAM, na namba ya kichipu kidogo cha pembeni kinachoshughulikia Wi-Fi. Nikamuuliza kwa nini Wi-Fi ihusike wakati tatizo ni kuganda. Akasema: "Hiyo ndiyo inayotuumiza sisi kuliko zote."

Nilipofika nyumbani usiku nikakumbuka mahali nilipokuwa nimesoma jambo la namna ileile. Mwaka 1871 mwandishi wa habari Henry Morton Stanley alikuwa Zanzibar akifunga mizigo ya kwenda kumtafuta Livingstone. Katika kitabu alichokichapisha mwaka uliofuata anaeleza jinsi shanga zilivyomsumbua. Shanga zilikuwa fedha ya njiani, lakini kila nchi ilikuwa na zake. Unyamwezi walitaka nyekundu, nyingine hawakuzipokea. Nyeusi zilipita Ugogo, lakini ukivuka Ugogo hazina maana. Zile kubwa kama yai, sungomaji, zilithaminiwa Ujiji na kukataliwa kwingine kote. Ilimbidi akokotoe akiwa bado Zanzibar: siku ngapi Ugogo, siku ngapi Unyamwezi, siku ngapi Ujiji, na aina gani ya kutosha kila mahali. Msafara uliokosea shanga ulikuwa na mizigo mingi na njaa. Na tumbo la mpagazi wa Kinyamwezi ndilo lililolipa kosa la mtu aliyefungasha Zanzibar.

Programu dhibiti ni shanga za namna hiyo. Maboksi mawili yenye kasha moja, jina moja, rimoti moja, huweza kuwa na bodi mbili tofauti ndani, kwa sababu kiwanda kilitumia chipu iliyokuwa rahisi mwezi ule. Faili lililoandaliwa kwa RAM ya aina moja likiwekwa kwenye bodi yenye RAM ya aina nyingine, maagizo ya kwanza kabisa hushindwa kuiamsha, na boksi lililokuwa linaonyesha nembo haliwaki tena hata nembo. Faili lenye RAM sahihi lakini Wi-Fi isiyo yake litawasha boksi vizuri kabisa, picha safi, sauti safi, na intaneti hakuna. Anayetafuta faili kwa jina lililoandikwa kwenye kifuniko anabeba sungomaji kupeleka Usoke.

Kulipata faili lenyewe ni kazi ya usiku. Mafaili haya huwa na mamia ya megabaiti, mengine hukaribia gigabaiti nzima, na mtu wa Usoke anayapakua kwa bando la simu. Fundi hununua bando la usiku, anaweka simu juu ya dirisha inapokamata mtandao vizuri, anaamka alfajiri kuangalia kama limefika. Kisha hulinganisha alama ya uhakiki ya faili, ile mistari ya herufi na tarakimu ambayo hubadilika kabisa hata kama baiti moja tu imepotea njiani. Nilimwona akiisoma yote, herufi kwa herufi, akifuata kwa kidole, faili la kwanza na la pili. Faili lililokatika likiandikwa kwenye boksi linaacha jeraha kubwa kuliko lile ulilokuja kutibu.

Lakini kuna jambo zito zaidi kuliko faili kukatika, nalo ni faili zima lililobeba mgeni. Januari 2023 mtaalamu mmoja wa Kanada, Daniel Milisic, alitangaza kwamba boksi la T95 alilolinunua kupitia Amazon lilikuja na programu ya kihalifu ndani yake tangu likiwa jipya kwenye karatasi. Oktoba mwaka huohuo kampuni ya usalama ya HUMAN Security ilieleza mtandao iliouita BADBOX, uliokuwa na vifaa vya Android zaidi ya 74,000. Septemba 2024 kampuni ya Urusi ya Doctor Web ikaeleza kirusi kingine, Vo1d, kilichokutwa kwenye maboksi karibu milioni 1.3 katika nchi 197. Juni 2025 shirika la upelelezi la Marekani, FBI, lilitoa onyo kwa wananchi wake kuhusu toleo la pili la BADBOX, lililokuwa limepita vifaa milioni moja.

Ukizisoma habari hizo ukiwa mbali unaweza kudhani ni mambo ya watu wenye fedha za kuibiwa. Sivyo. Kazi kubwa ya virusi hivi si kuchungulia akaunti ya benki ya shangazi. Ni kumfanya awe kichaka. Mhalifu aliye nchi nyingine hupitisha safari zake za mtandaoni ndani ya boksi lako, ili anayemfuatilia akifika mwisho wa nyayo akute mlango wa nyumba yako. Au boksi hufungua matangazo kwa siri na kuyabonyeza usiku kucha ili mtu alipwe. Yote hayo yanapita kwenye intaneti unayoilipia. Mjini, nyumba yenye intaneti ya mwezi huenda isihisi. Usoke mtu ananunua bando kwa hela aliyoipata kwa kuuza kuku. Boksi lisiloangaliwa na mtu, likiwa limewashwa tu kwenye kabati, halina sababu ya kula bando. Shangazi alikuwa ameniambia zaidi ya mara moja kwamba siku hizi bando linaisha upesi, nami nikamjibu kwamba pengine ni wajukuu. Neno lile bado linanikaa moyoni.

Na hapa ndipo penye utata ambao mafundi wengi hawauzungumzii. Kama mgeni aliwekwa kiwandani, basi faili halisi la kiwanda linamrudisha. Kufuta vitu vya mtumiaji hakumtoi, kwa kuwa anaishi kwenye sehemu ya mfumo, ileile isiyoguswa na kijiti. Kwa upande mwingine, faili lililorekebishwa na mtu usiyemjua laweza kuwa na mgeni wa kwake. Doctor Web walitaja programu dhibiti zisizo rasmi kuwa moja ya njia ambazo huenda Vo1d ilitumia kuingia. Kwa hiyo swali la kwanza kwa fundi si "unajua kuflashi?" Ni "faili lako umelitoa wapi, na umeshaliwekea watu wangapi likakaa salama?" Kijana wa Usoke alikuwa na jibu. Ana mafaili machache, anayajua, na kila boksi analoliwekea faili jipya hulilaza usiku mmoja kwenye hotspoti ya simu yake ya pili, bila kufungua chochote, asubuhi akaangalia limekula megabaiti ngapi. Likila nyingi, faili hilo halitumii tena. Hakufundishwa na mtu. Amelifikiria mwenyewe, na nimekutana na watu wenye vyeti wasiolifikiria.

Waya wa kazi hii hauuzwi Usoke. Unahitaji USB yenye kichwa kilekile kila upande, kwa sababu laptopu ina tundu la bapa na boksi lina tundu la bapa. Alichukua nyaya mbili za zamani, akazikata, akaunganisha nyekundu kwa nyekundu, nyeusi kwa nyeusi, kijani kwa kijani, nyeupe kwa nyeupe, akaziba kila kiungo peke yake kabla ya kuvifunga pamoja. Adapta aliiacha kabisa kando. Boksi lingekunywa umeme kutoka kwenye laptopu, na laptopu ina betri. Umeme wa nguzo ukikatika katikati ya kuandika, kazi haisimami. Kwa mtu anayeishi mahali ambapo umeme ndio ulioliua boksi, hilo ndilo jambo la kwanza la kupanga.

Akafungua programu ya Amlogic ya kuandikia maboksi, akaingiza faili, akaacha alama ya kufuta kila kitu bila kuitia, kwa kuwa ukifuta kila kitu unapoteza pia funguo na namba ya utambulisho wa mtandao ambazo boksi lilipewa kiwandani. Akabonyeza kuanza. Kisha kijiti ndani ya tundu la AV, kitufe kimebonyezwa, na mkono mwingine ukachomeka waya. Boksi lina matundu mawili ya USB, lakini moja tu ndilo linalozungumza na kompyuta. Alijaribu la kwanza, kimya, akahamia la pili. Laptopu ikalia. Kwenye orodha ya vifaa likatokea jina "WorldCup Device". Ndilo jina ambalo Amlogic wameipa draiva yao, na kwa mafundi wa maboksi ndilo jina linalopendeza kuliko yote, maana yake prosesa imeitika.

Asilimia zikaanza kupanda. Zikikwama mwanzoni kabisa, aliniambia, mara nyingi ni waya au draiva. Zikikwama wakati wa kuamsha RAM, faili si lake. Zikikwama mbele, chipu ya kumbukumbu yenyewe imechoka na hakuna faili litakaloiponya. Hatukuzungumza tena mpaka zilipofika mia.

Kuwaka kwa mara ya kwanza baada ya kuflashi huchukua dakika nyingi, na ni hapo watu wenye haraka huchomoa umeme na kurudi walikotoka. Tulisubiri. Nembo ilikaa, ikakaa, halafu ikapotea na ukurasa wa kuchagua lugha ukatokea. Nilishangilia. Fundi hakushangilia. Alielekeza rimoti, akabonyeza, hakuna kitu. Akachomeka maus, akaingia kwenye mipangilio, akawasha Wi-Fi. Haikuwaka. Shanga hazikuwa za nchi hii.

Faili la pili lilikuja usiku uliofuata. Safari hii alikuwa ametafuta kwa kichipu cha Wi-Fi kwanza, bodi pili, jina la boksi hakulitafuta kabisa. Asilimia zilipanda, tukasubiri, lugha ikaja. Wi-Fi iliwaka na kuona simu yangu. Rimoti ilibaki imekufa, kwa sababu kila kiwanda hupanga tarakimu zake za mwanga kwa vitufe. Akalitoa jedwali dogo la vitufe kwenye faili lingine alilokuwa nalo, akalipachika, akawasha upya. Alibonyeza kitufe cha chini. Alama ikashuka. Hapo ndipo alipotabasamu.

Aliongeza jambo moja ambalo sikumwomba, nami ninalipendekeza kwa kila mwenye boksi la aina hii. Kwenye memori kadi aliweka CoreELEC, mfumo mdogo wa bure unaotengenezwa na wapenzi wa fani hii mahsusi kwa prosesa za Amlogic, ambao kazi yake ni kuendesha Kodi, programu ya kuchezea filamu na muziki. Kwa prosesa za umri wa S905W ni matoleo ya 9.2 ndiyo yanayofaa. Unanakili faili linaloeleza bodi yako, kwetu lile la p281 lenye gigabaiti 1, unaliita dtb.img, unachomeka kadi, unatumia kijiti mara moja tu. Tangu hapo, kadi ikiwemo boksi linawakia kwenye kadi. Ukiitoa, linawakia ndani kama kawaida. Mwaka uleule wa 1871 vita vya mtemi Mirambo na Waarabu wa Unyanyembe vilifunga njia ya moja kwa moja ya kwenda Ujiji, na Stanley alifika kwa kuzunguka kusini. Kadi ni njia ya kusini. Siku kumbukumbu ya ndani itakapochoka kabisa, shangazi atakuwa bado na mahali pa kuchomeka flashi ya kwaya zake na kuziangalia bila bando hata kidogo.

Nina neno kwa wanaosimamia na wanaouza. Juni 2016 mamlaka ya mawasiliano, TCRA, ilizima simu bandia nchini kwa kutumia IMEI, namba ya utambulisho ya kila simu, na soko la simu likabadilika tangu siku ile. Boksi la runinga halina IMEI wala laini. Linajificha nyuma ya simu ya mwenye nyumba, kwa hiyo rungu lile halilifikii. Utaratibu wa kuidhinisha vifaa vya mawasiliano upo kisheria, na ningetaka kuuona ukifika kwenye meza za Kariakoo ambako maboksi haya huuzwa kwa mafungu. Ningetaka namba ya prosesa na RAM ya kweli ziandikwe kwenye kasha. Na muuzaji anayeingiza maboksi mia tano awe na flashi moja yenye programu dhibiti ya maboksi hayohayo, ampe fundi yeyote atakayeiomba. Haimgharimu chochote ila kukiri anachouza.

Kabla hatujaondoka fundi alikata kipande cha tepu ya karatasi, akaandika kwa kalamu ya wino namba ya bodi, kichipu cha Wi-Fi, jina la faili na tarehe, akakibandika chini ya boksi katikati ya vile vipira vinne. Nakala ya faili akaitia kwenye flashi, flashi akaitia kwenye kopo la maziwa ya unga lililokuwa na flashi nyingine nyingi, kila moja na tepu yake. Alinitoza fedha kidogo kuliko nilivyotegemea. Nilipoongeza alikataa, akaniambia nikanunue powabenki, ile inayoweza kuchajiwa huku inatoa umeme, boksi liishi juu ya hiyo.

Jioni tulikaa sebuleni. Shangazi aliitafuta kwaya yake mwenyewe, herufi kwa herufi, kwa rimoti. Akaunti tuliyoweka si ile yenye barua na picha zake. Ni nyingine, ya boksi tu. Wimbo wa pili ulikuwa haujaisha umeme ulipokatika. Runinga ikazima, taa ikazima, nyumba nzima ikawa giza. Kwenye kabati taa ndogo ya buluu ya boksi ilibaki inawaka.

"Lenyewe halijalala," alisema shangazi.

Tukakaa tunaitazama mpaka umeme uliporudi, na kwaya ikaendelea.